Yaliyopita si Ndwele? Haki, Msamaha na Upatanisho katika Maandiko juu ya Rwanda

Waswahili wana methali isemayo kwamba yaliyopita si ndwele, ganga yajayo. Ni methali ya watu wapendao amani. Huletwa barazani baada ya majirani kugombania mpaka wa shamba, au baada ya mume na mke kutoleana maneno makali, na aghalabu huitimiza kazi yake: mzee huitamka, wagomvi huinamisha vichwa, mikono hupeanwa, na maisha huendelea. Katika mambo ya kadiri hiyo hakuna haja ya kuipinga. Walakini kila methali ina mzigo inaoweza kuubeba na mzigo unaoishinda, na atakaye kuujua uwezo wake hana budi kuipima kwa jambo zito kuliko yale iliyoyazoea. Makala haya yanaipima kwa jambo la Rwanda, na kwa vitabu vitatu vilivyoandikwa baada yake.

Jambo lenyewe lajulikana, lakini yafaa litajwe kwa uwazi. Jioni ya tarehe 6 Aprili 1994 ndege iliyomchukua Rais Juvénal Habyarimana kutoka mkutano wa Dar es Salaam ilitunguliwa karibu na Kigali. Tangu siku ya pili yake, kwa muda wa siku mia moja hivi, Watutsi wa Rwanda waliuawa katika vilima, makanisa, shule na vinamasi, na pamoja nao waliuawa Wahutu waliokataa kushiriki. Umoja wa Mataifa umeitaja hesabu ya watu 800,000. Serikali ya Rwanda imehesabu zaidi ya 1,000,000. Mto Kagera ulizichukua maiti mpaka Ziwa Victoria, na wavuvi wa Uganda wakazitoa majini na kuzizika. Mauaji hayo yalikuwa na serikali iliyoyapanga, jeshi lililoyaongoza na redio iliyoyashangilia. Lakini mikono iliyoshika mapanga ilikuwa, mara nyingi sana, mikono ya majirani. Aliyeuawa alimjua aliyemuua kwa jina. Walikuwa wamekunywa pombe ya ndizi katika mtungi mmoja, na watoto wao walikuwa wamekaa katika benchi moja la shule.

Hapo ndipo ugumu wote ulipo. Vita vya mataifa mawili vikiisha, kila upande hurudi kwao. Mauaji ya Rwanda yalipoisha mwezi wa Julai 1994, kwao pa muuaji na kwao pa aliyenusurika palikuwa ni pale pale.

Kabla ya kuvifikia vitabu ni vema kuyatazama maneno, kwa sababu katika jambo hili maneno yalitangulia mapanga, na maneno ndiyo yaliyotafutwa baadaye yawe dawa. Mwaka 1994 kuua kuliitwa gukora, yaani kufanya kazi, na Watutsi waliitwa inyenzi, yaani mende. Baada ya mwaka huo nchi ilipata maneno mengine. Mwaka 1999 iliundwa tume ya taifa ya ubumwe n'ubwiyunge, ambayo kwa Kiswahili ni umoja na upatanisho. Tafsiri hiyo ni sahihi, lakini maneno haya mawili, ubwiyunge na upatanisho, hayakujengwa kwa namna moja, na tofauti ya ujenzi wake ina somo kubwa.

Katika neno upatanisho shina ni pata. Kiungo -an- chaonyesha kwamba tendo ni la wawili, kila mmoja akimtendea mwenziwe. Kiungo -ish- chaonyesha kwamba yuko wa tatu awafanyao hao wawili watende. Basi kupatana ni kazi ya wawili, na kupatanisha ni kazi ya wa tatu. Wa tatu huyo aweza kuwa mzee, kadhi, kasisi au serikali. Aweza kuifanya kazi yake yote pasipo dosari, na hao wawili wasipatane. Kinyarwanda kimepita njia nyingine. Ubwiyunge umetoka katika kitenzi kunga, ndugu wa kuunga kwa Kiswahili, ambacho hutumika pia kwa kuunga mfupa uliovunjika. Na ndani yake kimo kiungo -i-, kilicho sawa na -ji- ya Kiswahili, kionyeshacho kwamba mtenda ajitenda mwenyewe. Kila aliyemwona mganga wa viungo kazini aelewa maana yake. Mganga huunyoosha mfupa, huufunga kwa magango, humkataza mgonjwa kuutumia. Hawezi kufanya zaidi ya hayo. Mfupa hujiunga wenyewe kwa wakati wake. Na ukifungwa kabla haujanyooshwa, huungana kombo.

Neno la msamaha nalo lina mafunzo yake. Mswahili ameazima samehe kutoka Kiarabu, na kwa matumizi ya siku nyingi neno limekuwa jepesi mdomoni; mtu akimkanyaga mwenziwe njiani husema samahani, akapita. Katika Kinyarwanda kusamehe ni kubabarira, na neno hilo limezaliwa na kubabara, yaani kuumia. Kiungo cha mwisho ni kile kile cha Kiswahili katika kupika na kupikia, kuomba na kuombea. Ni kana kwamba lugha yenyewe yasema kuwa asamehaye huumia kwa ajili ya mwingine. Msomaji wa Kiswahili asomapo kwamba mjane fulani wa Rwanda amesamehe, asilipime tendo lile kwa mizani ya samahani ya njiani.

Baada ya kuyapima maneno, yafaa kuzitazama mahakama, kwa maana kunyoosha mfupa ni kazi ya haki. Umoja wa Mataifa uliunda Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda mwezi wa Novemba 1994, na makao yake yakawa Arusha, katika mji uleule ambamo mapatano ya amani ya Rwanda yalikuwa yametiwa sahihi mwezi wa Agosti 1993 pasipo kuizuia damu. Mahakama hiyo ilifungwa mwisho wa mwaka 2015. Ilikuwa imewashtaki watu 93, na 62 kati yao walihukumiwa adhabu.

Mhakiki wa fasihi ana sababu ya kuiheshimu mahakama hiyo, kwa kuwa ililazimika kufanya kazi ya mhakiki. Katika kesi ya Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa mkuu wa komuni ya Taba, waamuzi walimsikiliza mtaalamu wa lugha akieleza maana ya maneno yaliyosemwa kwenye mikutano na redioni, yalimaanisha nini kwa msikilizaji wa siku zile, na kwa nini mkulima aliyeambiwa amtafute mshiriki wa adui alielewa kwamba ameambiwa amuue jirani yake. Katika kesi hiyo wanawake walieleza waliyotendewa kwa maneno ya staha ya kwao, ambayo moja ni gufata ku ngufu, kukamata kwa nguvu. Na ushahidi wao ndio uliofanya hati ya mashtaka ibadilishwe mwaka 1997, wakati kesi ilikwisha kuanza. Hukumu ya tarehe 2 Septemba 1998 ilikuwa ya kwanza ya mahakama ya kimataifa kumtia mtu hatiani kwa mauaji ya kimbari, na ilitamka kwamba kunajisi wanawake kwaweza kuwa sehemu ya mauaji hayo. Lilikuwa jambo kubwa. Wanawake wa Taba walisema, na sheria ya ulimwengu ikabadilika kwa kauli yao.

Kesi ya Simon Bikindi ilikuwa ngumu zaidi kwa mhakiki. Bikindi alikuwa mtunzi na mwimbaji mashuhuri, na nyimbo zake zilipigwa redioni wakati wa mauaji. Waamuzi walizichambua beti zake kama wanafunzi wa ushairi. Waliona kwamba nyimbo zile zilitumika katika propaganda ya chuki. Lakini hawakuona ushahidi wa kutosha kwamba alizitunga kwa nia ya kuchochea mauaji. Alipotiwa hatiani tarehe 2 Desemba 2008 na kupewa kifungo cha miaka 15, ilikuwa ni kwa maneno aliyoyatangaza kwa kipaza sauti barabarani mwishoni mwa Juni 1994. Uamuzi huo waweza kumwudhi mtu aliyezisikia nyimbo zile akiwa amejificha. Hata hivyo ni uamuzi wa haki, kwa kuwa ulikataa kuthibitisha zaidi ya ulichoweza kuthibitisha; na mahakama inayokataa kukisia imemheshimu hata yule aliyefiwa.

Ila heshima hiyo ilikuwa na mpaka. Mahakama ya Arusha ilikuwa mbali na vilima vya Rwanda. Ilisema Kiingereza na Kifaransa, na kauli ya mjane ilivuka wafasiri kabla ya kumfikia mwamuzi. Ili kulinda maisha yake shahidi aliitwa kwa herufi badala ya jina. Yote hayo yalikuwa ya lazima. Lakini mtu aliyenyang'anywa watu wake wote alikuja kuwasemea katika mji wa kigeni akiwa hana hata jina lake. Mahakama iliyanyoosha mashtaka ya wakubwa. Haikuweza, wala haikudai kuweza, kuufikia uani ambamo muuaji na mjane huteka maji katika kisima kimoja.

Uani huo uliachiwa gacaca. Jina hilo limetokana na aina ya nyasi, na zamani lilikuwa ni baraza la wazee walioketi nyasini kusuluhisha mambo ya mifugo, mashamba na ndoa. Baada ya mwaka 1994 magereza ya Rwanda yalijaa watu zaidi ya 100,000, na waamuzi wengi walikuwa wameuawa au wamekimbia. Ilikadiriwa kwamba mahakama za kawaida zingehitaji zaidi ya miaka 100 kuzimaliza kesi. Kwa hiyo sheria ya mwaka 2001 ililichukua jina la baraza la kale na kulipa kazi ambayo baraza la kale halikuwa nayo. Majaribio yalianza mwaka 2002, nchi nzima ikafuata, na tarehe 18 Juni 2012 kazi ilifungwa. Mabaraza yalikuwa kiasi cha 12,000, na kesi zilizopita mbele yao zilizidi 1,900,000. Waamuzi wake waliitwa inyangamugayo, watu wachukiao aibu. Walichaguliwa na majirani zao, na hawakulipwa mshahara.

Wanaoilaumu gacaca wana hoja, na haifai kuzificha. Washtakiwa hawakuwa na mawakili. Baadhi ya mashahidi walitishwa, na wengine waliuawa. Uhalifu uliofanywa na askari wa jeshi lililoyakomesha mauaji haukuletwa nyasini. Na kulisema hilo si kuyalinganisha mambo mawili yasiyolingana, bali ni kukumbuka kwamba mfiwa yeyote hukitazama kiti cha mwamuzi na kuuliza kama kitamsikia. Wanaoitetea nao wana hoja: bila ya gacaca maelfu ya mifupa isingalipatikana ikazikwa, na watu wengi wangalikufa gerezani bila ya kuhukumiwa. Hoja hizi zimejadiliwa sana na wanasheria. Liko jambo jingine ambalo ni la mwanafasihi zaidi kuliko la mwanasheria, nalo ni ungamo.

Sheria ilimwahidi aungamaye kupunguziwa adhabu, na akiungama mapema zaidi alipunguziwa zaidi. Kisha ikaeleza ungamo lililo kamili liwe na nini. Lieleze kosa lilivyotendwa, mahali na wakati, liwataje waliouawa, na mahali maiti zao zilipotupwa, liwataje washiriki, na liwe na kuomba radhi. Radhi hiyo ilitakiwa iombwe hadharani kwa waliotendewa, ikiwa wangali hai, na kwa jamii ya Rwanda. Kwa maneno mengine, sheria ilibuni utanzu. Kama vile utenzi una dua ya kuanzia, kisa cha kati na tamati yenye jina la mtunzi, ungamo la gacaca lilikuwa na sehemu zake, na msikilizaji alizijua. Utanzu wowote ukishajulikana, waweza kutungwa na aliye na hisia na asiye nazo. Mfungwa aliyejuta na mfungwa aliyehesabu miaka walisema maneno yale yale, kwa mpango ule ule, mbele ya mjane yule yule. Yeye alitakiwa kuyapokea. Hakuwa na kipimo cha kuyapambanua.

Wala yasisahauliwe yale maneno matatu ya sheria: ikiwa wangali hai. Aliyeyaandika hakukusudia ukatili. Alikuwa na lazima ya kuyaandika. Lakini ndani ya maneno hayo umo ukweli ambao hakuna baraza liwezalo kuutatua. Katika mauaji, mwenye haki ya kusamehe ndiye asiyekuwapo.

Watu wa kale hawakukosa kulifikiri jambo hili. Sheria ya Kiislamu, iliyozoeleka pwani kwa karne nyingi, iliwapa warithi wa aliyeuawa hiari tatu: kudai kisasi, kupokea dia, au kusamehe. Neno kisasi lenyewe katika asili yake ya Kiarabu lilikuwa na maana ya malipo ya sawa kwa sawa yaliyohukumiwa na kadhi. Waswahili ndio walioligeuza likawa jina la ghadhabu. Mpango ule ulikuwa na busara, maana ulikiri kwamba damu ina mwenyewe, na kwamba dola haina haki ya kusamehe kwa niaba yake. Lakini ulihitaji kitu kimoja, yaani mrithi. Katika Rwanda ziko nyumba ambazo hazikubakiwa na mrithi hata mmoja. Kinyarwanda huziita imiryango yazimye. Umuryango ni mlango, na ni ukoo pia, kama vile pwani neno mlango lilivyotumika kwa maana ya ukoo. Na kuzima ni kuzima kama moto uzimavyo. Nani atapokea radhi mbele ya mlango uliozimika? Gacaca iliweza kuamuru bati za paa zilipwe, na ng'ombe aliyeliwa arudishwe kwa thamani yake. Mali iliwezekana kupimwa. Mtoto hakupimika.

Ni katika njia panda hii ndipo vitabu vinapoingia. Vilivyochaguliwa hapa ni vitatu, vyote vya Kifaransa, navyo vyatofautiana kwa utanzu na kwa mtazamo.

Cha kwanza kwa mwaka ni Murambi, le livre des ossements, riwaya ya Boubacar Boris Diop wa Senegal, iliyotoka mwaka 2000. Diop alikuwa mmoja wa waandishi wa Kiafrika waliokwenda Rwanda mwaka 1998 kwa mradi wa kuandika kwa wajibu wa kukumbuka. Murambi ni mahali pa kweli. Ni shule ya ufundi ambayo maelfu ya Watutsi walikusanywa humo wakauawa, na ambamo maiti zilizohifadhiwa kwa chokaa zimewekwa zionekane. Shujaa wa riwaya, Cornelius, arudi kutoka ughaibuni akijidhani kuwa mwana wa mfiwa, naye akuta kwamba baba yake, daktari mwenye heshima, ndiye aliyeyapanga mauaji ya Murambi, na kwamba mama yake na ndugu zake walikuwa miongoni mwa waliouawa. Uteuzi huo wa kisa ni wa hekima. Diop amezitia pande zote mbili katika damu ya mtu mmoja, na kwa hiyo amemnyima Cornelius kimbilio la kuchagua upande. Cornelius alikuwa na nia ya kutunga mchezo wa kuigiza wenye mbwembwe. Alipokwisha kuona, aliiacha nia hiyo. Hapo mwandishi amejihukumu mwenyewe na wenzake, akasema kwamba mbele ya mifupa ufundi wa kujionyesha ni utovu wa adabu.

Riwaya hii ina udhaifu katika mzee Siméon, ami wa Cornelius. Ni mhusika apendezaye, na kwa sababu hiyo ashukiwe. Kila swali la kijana hukuta jibu la mzee likimngoja, nalo limekamilika, lina busara na utulivu. Mzee ameufikia upatanisho katika nafsi yake kabla riwaya haijaanza, na msomaji haonyeshwi njia aliyoipita. Mfupa wake umekwisha kuungana. Maumivu ya kunyooshwa hayamo kitabuni.

Kitabu cha pili ni La Stratégie des antilopes cha Jean Hatzfeld, mwandishi wa habari wa Ufaransa, kilichotoka mwaka 2007. Hicho ni cha tatu katika mfululizo wake juu ya Nyamata, katika nchi ya Bugesera kusini ya Kigali. Kile cha mwaka 2000 kiliwasikiliza walionusurika. Kile cha mwaka 2003 kiliwasikiliza wauaji kumi, wakiwa kifungoni Rilima, na kilionyesha jinsi mtu awezavyo kusimulia kwa urahisi akisema sisi na kugugumia aambiwapo aseme mimi. Kitabu cha tatu chaanza pale magereza yalipofunguliwa mwaka 2003, na walioungama, maelfu kwa maelfu, wakarudi vilimani kwa miguu. Sasa wale wa kitabu cha kwanza na wale wa kitabu cha pili wakutana sokoni.

Thamani ya kitabu hiki ni kwamba hakikimbilii mwisho mwema. Watu wake waliorudiana hawapigani wala hawakumbatiani. Wauziana maharagwe. Wasaidiana kumchukua mgonjwa. Wakaa kilabu kimoja cha pombe, na mazungumzo ni ya mvua na mavuno. Wauaji waliorudi watamani sana yaliyopita yaitwe yaliyopita; kwao methali ya ndwele ingalikuwa tamu. Walionusurika waona kwamba subira yao imegeuzwa kuwa sera, na kwamba wametakiwa kuubeba mzigo wa pili juu ya ule wa kwanza: kwanza kufiwa, kisha kuwa watulivu ili nchi ijengwe. Wengi wao wakubali, kwa sababu wajua hakuna nchi nyingine. Lakini kukubali huko wasikuite msamaha, nao ni wakweli kwa kutokuita hivyo.

Lawama ya kitabu hiki ni ya lugha. Watu wa Nyamata walisema kwa maneno yao na mwandishi akayapanga kwa yake, na maswali yake mengi ameyaondoa. Matokeo ni kwamba muuaji na mfiwa, mzee na kijana, wote wana mwendo mmoja wa sentensi, mzuri na wa huzuni. Uzuri huo wawafanya wasikilizike Paris. Lakini wasawazisha sauti ambazo tofauti yake ndiyo ilikuwa ushahidi.

Kitabu cha tatu ni La Femme aux pieds nus cha Scholastique Mukasonga, kilichotoka mwaka 2008. Mukasonga alikulia katika Bugesera hiyo hiyo, ambako familia yake ilihamishwa kwa nguvu pamoja na Watutsi wengine zamani za mwanzo wa fitina hizi. Mwaka 1994 alikuwa Ufaransa, na jamaa zake 37 waliuawa. Kitabu ni juu ya mama yake, Stefania, aliyewausia binti zake waufunike mwili wake atakapokufa, maana maiti ya mama haifai kuonekana. Binti hakuwapo kuufunika. Kwa hiyo ameandika kitabu kiwe sanda.

Ajabu ya kitabu hiki ni kwamba hakizungumzi habari ya upatanisho, wala chaonekana kama hakizungumzi habari ya haki. Chaeleza jinsi mama alivyolima mtama, alivyojenga nyumba ya msonge, alivyowaozesha vijana wa kijiji, alivyowatayarishia watoto mahali pa kujificha askari wakija. Walakini kati ya vitabu vitatu ndicho kilichokaribia zaidi kulijibu swali lililoshinda mabaraza. Wauaji walimwita Stefania mende. Mahakama ilimhesabu, pengine, katika hesabu. Binti yake amemrudishia jina, kazi, uchekeshaji na miguu mitupu. Aliyekufa hawezi kupewa uhai wake, wala hawezi kuombwa radhi. Lakini yawezekana kurudishiwa utu wake mbele ya walio hai, na huo ni wa haki yake. Vitabu vya Diop na Hatzfeld vyauliza walio hai watapatanaje. Mukasonga amekumbusha kwamba yuko wa tatu asiyeketi barazani, naye ana deni la kulipwa kwanza.

Tofauti ya haki na upatanisho yaonekana hapo kwa uwazi. Haki ina mdai, mdaiwa na mwamuzi, na mwamuzi aweza kumlazimisha mdaiwa. Kwa hiyo haki, hata ikiwa pungufu, yaweza kudaiwa, kupangwa na kufikiwa kwa tarehe. Upatanisho hauna mwamuzi awezaye kuulazimisha. Ukitakiwa na sheria uje kwa tarehe, huja kweli, lakini huja ukiwa umevaa nguo za adabu: watu husalimiana, hununuliana pombe, huomba na kupokea radhi kwa utaratibu uliokubaliwa. Adabu hiyo isidharauliwe. Nchi ambamo jirani hamuui jirani ni bora mara elfu kuliko ile ya Aprili 1994, na watoto waliozaliwa baadaye wamekulia katika adabu hiyo pasipo kukimbilia vinamasi. Ila adabu isiitwe upatanisho, maana aitaye hivyo humwambia mfiwa kwamba kazi imekwisha na kwamba maumivu yake yaliyosalia ni ukaidi.

Sasa methali yaweza kurudishwa barazani. Imepimwa, nayo haikuubeba mzigo huu. Katika ugomvi wa mpaka wa shamba yaliyopita si ndwele, kwa sababu yaliyopita yamepita kwa wote wawili. Katika mauaji ya kimbari yamepita kwa yule aliyeua na kutumikia kifungo chake. Kwa yule aliyenusurika hayajapita, kwa kuwa kila jioni nyumba yake ina watu wale wale wasiokuwapo. Anayemwambia huyo agange yajayo amemtaka mgonjwa amgange mganga. Yaliyopita ndiyo ndwele, na tiba yake yafuata mpango wa mganga wa viungo: kwanza mfupa unyooshwe kwa kweli, japo wauma, kisha ufungwe kwa sheria, kisha pawe na subira, wala mtu asimhimize mgonjwa acheze ngoma ili wageni waone amepona.

Waandishi hawana uwezo wa kunyoosha wala wa kufunga. Kazi yao ni ndogo kuliko ya mwamuzi, lakini mwamuzi hawezi kuwafanyia: ni kuyatunza majina na maneno, ya waliouawa na ya waliowaua, yasipunguzwe wala yasipambwe, ili siku wajukuu wa pande mbili watakapotaka kupatana wenyewe, bila ya kupatanishwa, wawe na kweli ya kupatania.